Nyumba ya milioni 5 Malindi itakutoa ngapi mpaka mwisho? Hesabu ya mkopo wa nyumba hatua kwa hatua

Kuna hesabu moja watu wanaipiga kila siku na kila siku inawaponza. Mtu ameona nyumba Barani ama kule Casuarina, bei milioni 5, benki imekubali kumpa milioni 4 kwa riba ya 14%. Anatoa simu, 4,000,000 mara 14% anapata 560,000, anajumlisha, anasema ah kumbe nitarudisha milioni nne na nusu na kitu, twende kazi. Miaka mitano baadaye anaenda kuuliza salio anaambiwa bado ni milioni 3.7, anataka kupigana na yule kijana wa kaunta.

Hajaibiwa. Ile 14% ni ya mwaka mmoja na mkopo ni wa miaka 20, basi. Na kosa hili halichagui, wanalifanya walimu, wanalifanya watu wa hoteli, hata wafanyibiashara ambao dukani kwao huwezi kuwapunja shilingi.

Hapa chini nimetumia mfano mmoja mwanzo mpaka mwisho: nyumba 5,000,000, wewe unatoa 1,000,000, benki inatoa 4,000,000, riba 14%, miaka 20. Hiyo 14% nimeiweka kwa mfano tu, we weka ile ilioandikwa kwenye barua yako.

## Vitu vya kuwa navyo kabla hujaanza

- Barua ya ofa kutoka benki ama sako, ile kamili yenye kurasa zote, si ile karatasi moja ya matangazo
- Ratiba ya malipo ya mwezi kwa mwezi. Ni haki yako kuipata kabla hujasaini, pamoja na karatasi ya gharama yote ya mkopo na ile asilimia ya mwaka inayojumlisha ada zote (wenyewe wanaiita APR)
- Nakala ya hati ya kiwanja na matokeo ya sachi (ukaguzi wa rejista ya ofisi ya ardhi)
- Simu yenye Google Sheets ama kompyuta yenye Excel
- Stetimenti zako za mwaka mzima, benki na M-Pesa. Mwaka mzima nimesema, si miezi mitatu, sababu utaiona mbele
- Bei za kuandikiwa (si za mdomo) kutoka kwa wakili, mthamini na kampuni ya bima

Kama benki inakuzungusha kukupa ratiba ya malipo, usiende hatua inayofuata. Kaa hapo hapo mpaka uipate.

## Hatua ya 1: Hakikisha kile unachonunua benki itakikubali

Hii fanya haraka lakini usiiruke. Pwani yetu mambo ya ardhi unayajua. Kuna nyumba nyingi za mitaa ya zamani ambapo mtu anamiliki nyumba lakini kiwanja ni cha mwingine na anakilipia kodi, na benki kwa nyumba kama hio haina cha kushika. Kuna viwanja vya mkataba wa miaka kadhaa (lisi) ambapo imebaki miaka michache. Kuna viwanja vinavyohesabiwa kuwa vya kilimo ambavyo lazima bodi ya ardhi ikubali kwanza ndo viuzwe.

Kila moja ya hizi ni pesa. Ukigundua baada ya kulipa mthamini na wakili, zile pesa hazirudi.

Umefaulu ukiwa na sachi mkononi yenye jina la muuzaji, hakuna deni wala kizuizi juu yake, na wakili wako (wako wewe, si wa muuzaji) ameisoma.

## Hatua ya 2: Jua riba yako ni ya aina gani

Hapa ndo pana ujanja mwingi kwa hivyo soma polepole. Kuna maswali mawili.

La kwanza, riba inahesabiwa juu ya nini? Mikopo ya nyumba ya benki kwa kawaida ni ya salio linalopungua, yaani kila mwezi riba inapigwa juu ya deni lililobaki. Lakini utakutana na mtu anayekutajia riba ya flati, inayopigwa juu ya deni la siku ya kwanza mpaka siku ya mwisho hata kama umeshalipa nusu. Mfano, milioni 4 kwa flati ya 8% miaka 20 ni riba ya milioni 6.4, malipo ya mwezi 43,333. Ukigeuza hio kwenye salio linalopungua ni karibu 11.75%. Kwa hivyo anayekuambia 8% flati na anayekuambia 11% ya salio linalopungua, huyu wa pili ndo nafuu japo namba yake inaonekana kubwa.

La pili, inabadilika ama haibadiliki? Nyingi zinabadilika. Tangu Desemba 2025 mikopo mipya ya riba inayobadilika inafungwa kwenye kipimo cha soko kinachoitwa KESONIA, halafu benki inaongeza sehemu yake inayoitwa K. Kipimo kikipanda nawe unapanda. Uliza K yako ni ngapi na waiandike, manake hapo ndo benki moja inatofautiana na nyingine.

Uliza pia kama benki ama sako hio inatoa mikopo inayopitia KMRC, ile kampuni iliyoundwa kuwapa mabenki na masako pesa za bei nafuu za nyumba. Riba zake huwa chini ya 10%, ila kuna masharti ya kipato na kikomo cha mkopo. Tofauti si ndogo: milioni 4 kwa 9.5% miaka 20 ni 37,285 kwa mwezi, jumla karibu 8,948,000. Kwa 14% jumla ni karibu milioni 12. Milioni 3 nzima hio, kwa swali moja ulilouliza ama hukuuliza.

### Na wale wasiotaka riba

Wengi wetu Lamu na Malindi tunaenda benki za Kiislamu, na ni vizuri, lakini usidhani ukishaondoka kwenye riba basi hakuna hesabu. Mfumo wa kawaida wa nyumba ni musharaka inayopungua: wewe na benki mnanunua nyumba pamoja, benki inamiliki sehemu yake, wewe unailipa kodi kwa ile sehemu na kila mwezi unainunua kidogo kidogo mpaka yote iwe yako. Ile kodi inaweza kupitiwa upya kila baada ya muda, kwa hivyo uliza inapitiwa lini na kwa kipimo gani. Kwenye murabaha (benki inanunua nyumba halafu inakuuzia kwa bei ya juu) bei ya mwisho inajulikana siku ya kwanza na haibadiliki, hapo hesabu ni rahisi.

Uhalali wake muulize shekhe wako. Jumla yake ipige mwenyewe kwa hatua hizi hizi.

## Hatua ya 3: Piga malipo ya mwezi wewe mwenyewe

Fungua Google Sheets, kwenye kisanduku chochote andika hivi:

=PMT(14%/12, 240, -4000000)

14% ni riba ya mwaka, 240 ni miezi (miaka 20 mara 12), na milioni 4 ni mkopo. Usisahau ile alama ya kutoa mbele ya mkopo, bila yake jibu linakuja hasi. Utapata 49,741 hivi.

Sasa zidisha mara 240. Inakuja kama 11,938,000.

Soma tena. Umekopa milioni 4, unarudisha karibu milioni 12. Riba peke yake ni karibu milioni 7.94, yaani unanunua nyumba moja na unailipa benki bei ya nyumba nyingine moja na nusu hivi.

Umefaulu kama namba yako na ile ya ratiba ya benki zinakaribiana sana. Zikiachana kwa shilingi elfu moja ama mbili kwa mwezi kuna kitu kimechomekwa ndani, mara nyingi bima ama ada iliyopakiwa kwenye mkopo. Muulize ofisa wa mikopo akuonyeshe ni nini kwa kidole.

Onyo: watu wengine huweka 14% bila kugawanya kwa 12, wanapata namba ya kutisha wanakata tamaa bure. Gawanya.

## Hatua ya 4: Angalia pesa zako zinaenda wapi miaka ya mwanzo

Hii ndo inayoumiza watu na wala haijafichwa, iko kwenye ratiba ila hakuna anayeisoma.

Mwezi wa kwanza riba ni 4,000,000 mara 14% gawanya kwa 12, ni 46,667. Umelipa 49,741. Kwa hivyo kilichopunguza deni ni 3,074 tu. Elfu tatu! Mwezi wa pili kinachopunguza deni kinaongezeka kidogo tu, na hivyo hivyo, polepole kama mashua isiyo na upepo.

Baada ya miaka mitano umelipa karibu 2,984,000. Salio ni karibu 3,735,000. Yaani katika karibu milioni tatu ulizotoa, deni limeshuka kwa laki mbili na elfu sitini na tano hivi.

Kwa nini nakuambia hii? Kwa sababu ukiwa unafikiria "nitaishi miaka mitano sita halafu niuze nihamie Mombasa", ujue wakati huo bado unadaiwa karibu zote. Bei ikiwa haijapanda vya kutosha utauza, utalipa benki, utalipa dalali na wakili, na utabaki na mkoba mtupu.

Kwenye ratiba ya benki tafuta mstari wa mwezi wa 60 na wa 120, uzungushie kalamu salio lake. Kama unaweza kumuelezea mwenzako kwa nini salio ni kubwa vile, hatua hii umeipita.

## Hatua ya 5: Cheza na miaka

Hapa unabadilisha ile 240 tu. Milioni 4 ile ile, 14% ile ile:

- Miaka 10: kwa mwezi 62,107, jumla karibu 7,453,000
- Miaka 15: kwa mwezi 53,270, jumla karibu 9,589,000
- Miaka 20: kwa mwezi 49,741, jumla karibu 11,938,000
- Miaka 25: kwa mwezi 48,150, jumla karibu 14,445,000

Angalia miaka 20 na 25. Kwa mwezi umepunguziwa kama 1,590, na kwa hio elfu moja na mia tano unalipa milioni mbili na nusu zaidi mwisho. Sasa ukikaa na mtu wa mauzo atakuambia "tunaweza kukurahisishia tukakupa miaka 25", anasema kwa upole kabisa na mkono kifuani, na we unashukuru. Mimi naona mtu akishindwa na ya 20, asikimbilie 25, apunguze nyumba. Anunue ndogo ama akae mbali kidogo na bahari.

Na ukitazama 15 na 20, ni 3,529 kwa mwezi inayokuokolea zaidi ya milioni 2.3. Hio inafaa kupiganiwa.

## Hatua ya 6: Pandisha riba uone kama unasimama

Usiseme haitapanda. Riba ya Benki Kuu ilikuwa 7% mwaka 2020 mpaka mwanzo wa 2022, na kufikia Februari 2024 ilikuwa 13%. Halafu ikaanza kushushwa tena mwaka huo huo wa 2024. Katika miaka 20 utapitia mawimbi kama hayo zaidi ya mara moja.

Kwenye ile fomula badilisha riba. 16% inakuja 55,650 kwa mwezi. 18% inakuja 61,732. Kutoka 49,741 hio ya mwisho ni kama elfu 12 zaidi kila mwezi, na mshahara hautaongezwa eti kwa sababu benki imekuandikia barua.

Kuna kitu kingine hapa wengi hawakijui. Watu wanasema riba ikipanda nitaiambia benki iniongezee miaka, malipo yabaki pale pale. Mwanzoni mwa mkopo haiwezekani. Riba ikifika 15% tu, riba ya mwezi wa kwanza ni 50,000, na malipo yako ni 49,741. Hayatoshi hata riba yenyewe, deni linakua ilhali unalipa kila mwezi bila kukosa. Kwa hivyo lazima malipo yapande.

Umefaulu kama malipo ya riba ya pointi 4 juu (kwetu 61,732) bado yanakuachia chakula, karo na dawa. Kama hayakuachii, mkopo huo ni mkubwa kwako, hata kama benki imeukubali. Benki inaangalia kama utalipa, haiangalii utakula nini.

## Hatua ya 7: Pesa za kuingilia

Hizi zinahitajika mapema, kwa mkupuo, na nyingi haziingii kwenye mkopo.

Ushuru wa stempu. Ndani ya manispaa ni 4% ya thamani, nje ya mji ni 2%. Nyumba yetu ya milioni 5 mjini Malindi ni 200,000. Mthamini wa serikali ndo anayesema thamani, akisema ni zaidi ya bei mliyopatana utalipia ile yake.

Ushuru wa kuandikisha rehani. 0.1% ya mkopo, hapa 4,000. Hii ndogo.

Mawakili, nimesema kwa wingi. Wako, na wa benki pia unamlipa wewe, na juu ya ada kuna VAT ya 16%. Hapa watu hushangaa sana. Mwambie kila mmoja akuandikie jumla pamoja na VAT na gharama ndogo ndogo.

Mthamini. Unamlipa wewe lakini anafanyia kazi benki. Na hapa kuna mtego: benki inakopesha kwa bei ama kwa thamani, ile iliyo ndogo. Mthamini akisema nyumba ni milioni 4.5, benki ya 80% inakupa 3.6m, na ile 400,000 iliyopungua utaitafuta wewe wakati umeshasaini makubaliano na muuzaji. Mwambie wakili aweke kifungu cha kukulinda kwa hilo kabla hujatoa malipo ya awali.

Ada ya benki ya kuandaa mkopo, mara nyingi ni asilimia fulani ya mkopo pamoja na ushuru wa serikali juu yake. Hii inajadilika, jaribu.

Mume na mke: kama nyumba ni ya ndoa, mwenzako lazima akubali kwa maandishi ndo rehani isimame kisheria. Msifichane, itakuja kujulikana tu kwa wakili.

Kwenye mfano wetu, ukiacha ushuru wa stempu, tuseme zote hizi zimefika 250,000. Yako ijaze kwa karatasi ulizoandikiwa.

## Hatua ya 8: Pesa za kukaa ndani

Mtu wa Nairobi akiandika mwongozo kama huu atakuambia weka 1% ya bei ya nyumba kila mwaka kwa matengenezo. Sisi huku tuna chumvi. Mabati, vyuma vya madirisha, bawaba, tangi, pampu, vyote vinaliwa. Kisima chako kikiwa na maji ya chumvi pampu haikai. Paa la makuti ni zuri na lina baridi yake lakini linataka kuezekwa upya kila baada ya miaka kadhaa, na mchwa wako hawalali. Kwa hivyo 1% ichukue kama sakafu, na kama nyumba iko karibu na ufuo panda juu.

Lamu ni hesabu nyingine kabisa. Ndani ya mji wa kale, ulio kwenye orodha ya UNESCO tangu 2001, huwezi kujibomolea na kujijengea upendavyo, kuna ruhusa. Ukuta ni wa mawe ya matumbawe na chokaa, dari ni boriti, fundi anayejua kazi hio si yeyote. Na kila mfuko wa simiti umevuka maji kutoka Mokowe halafu ukapanda punda. Bei ya duka la Malindi usiipeleke Lamu, ongeza usafiri kila mahali.

Kuna bima ya moto na majanga, na bima ya maisha ya kulipa deni ukifariki, benki inalazimisha zote mbili. Ile ya maisha mimi siilalamikii, manake bila yake benki inalidai deni kwenye mali unayowaachia watoto. Ila uliza kama unaweza kutafuta kampuni yako mwenyewe ama lazima ile ya benki, na ulinganishe. Kuna pia reti (kodi ya kiwanja) za kaunti kila mwaka, na kama ni lisi kuna kodi ya ardhi ya serikali kuu.

Kwa mfano wetu tuseme bima zote 40,000 kwa mwaka, na matengenezo na reti 50,000 kwa mwaka. Miaka 20 ni 800,000 na 1,000,000.

## Hatua ya 9: Jumlisha, halafu utoe unachorudishiwa

Haya sasa:

Malipo ya awali 1,000,000
Ushuru wa stempu 200,000
Mawakili, mthamini, ada na rehani 250,000
Malipo ya mwezi miaka 20: 11,938,000
Bima 800,000
Matengenezo na reti 1,000,000

Jumla 15,188,000. Kwa nyumba ya milioni 5.

Sasa upande wa pili, manake sitaki kutisha watu bure. Kama ni nyumba unayokaa mwenyewe na unakatwa kodi ya mshahara, riba mpaka 360,000 kwa mwaka inatolewa kwenye kipato kinachotozwa kodi (zamani ilikuwa 300,000, ilipandishwa Desemba 2024). Ukiwa kwenye kiwango cha 30% hio ni hadi 108,000 kwa mwaka, elfu 9 kwa mwezi. Kwenye mkopo wetu, riba ikibaki 14%, inapita 360,000 kila mwaka kwa miaka 13 ya kwanza, kwa hivyo ni kama 1,404,000 unaokoa katika miaka hio. Chukua cheti cha riba benki kila mwaka na ukijaze kwenye iTax (mtandao wa serikali wa kodi), ama umpelekee mwajiri wako. Ajabu ni watu wangapi wanaiacha hii pesa mezani.

Na shilingi ya leo si ya mwaka wa 20. Bei zikipanda 5% kila mwaka, ile 49,741 ya mwaka wa mwisho itakuwa na nguvu ya kama 18,700 ya leo. Kwa hivyo mwisho wa mkopo ni mwepesi kuliko mwanzo, mzigo wa kweli ni ile miaka saba minane ya kwanza.

Linganisha pia na kupanga. Tuseme nyumba kama hio kodi yake ni 20,000 kwa mwezi na inapanda 5% kila mwaka, miaka 20 utakuwa umelipa karibu 7,936,000 na huna nyumba. Kwa mkopo umetoa milioni 15 na nyumba unayo. Je, nyumba hio itakuwa na thamani ya kufidia ile tofauti? Dalali atakuambia ndio kabla hujamaliza kuuliza. Mimi nasema piga hesabu ukichukulia imepanda kidogo tu, kama bado unaona sawa, endelea. Na kuna njia ya tatu ambayo wazee wetu wengi waliitumia, kiwanja kwanza halafu unajenga chumba kwa chumba kwa pesa ya mkononi. Inachukua muda na inachosha, lakini riba yake ni sufuri.

## Hatua ya 10: Jaribu kuishi nayo kabla hujasaini

Hapa ndo zile stetimenti za mwaka mzima zinaingia. Malindi, Watamu, Lamu, pesa zetu zinafuata wageni. Desemba zinaingia, Aprili mpaka Juni mvua na kusi, hoteli nyingine zinafunga na watu wanarudishwa nyumbani. Benki ukiwapa stetimenti za Novemba mpaka Januari watakuona tajiri.

Tafuta mwezi wako mbaya kuliko yote kwenye mwaka. Chukua malipo ya mwezi ongeza bima na matengenezo (kwetu 49,741 na 7,500, jumla kama 57,000) utoe kodi ya nyumba unayolipa sasa. Kinachobaki kiweke akiba kila mwezi kwenye akaunti usiyoigusa, na hakikisha ile miezi ya mvua imo ndani ya jaribio. Ukipita Mei bila kukopa kwa simu, unaweza. Usipopita hujapoteza kitu, una akiba ya kuongeza malipo ya awali.

## Hatua ya 11: Panga kulipa zaidi tangu mwanzo

Kwanza soma kwenye barua kama kuna faini ya kulipa mapema. Halafu hakikisha imeandikwa kwamba pesa ya ziada inapunguza deni lenyewe, isije ikakaa tu kama malipo ya mwezi ujao.

Kisha angalia: 5,000 zaidi kila mwezi kutoka mwezi wa kwanza, yaani 54,741, mkopo unaisha miezi 165, miaka 13 na miezi 9. Umeokoa karibu milioni 2.9. Kama kazi yako ni ya msimu usijifunge kwa elfu tano ya kila mwezi, weka ya mwaka mzima kwa mkupuo Januari pesa ya wageni ikiwa bado ipo. Na fanya hivyo miaka ya mwanzo, ziada ya mwaka wa 18 haina kazi kubwa.

Kila ukilipa ziada omba ratiba mpya siku hio hio. Kama tarehe ya mwisho haijasogea karibu ama malipo hayajapungua, pesa imewekwa pasipo.

## Ukikwama njiani

Nenda benki kabla hujakosa mwezi wa kwanza, si baada ya wa tatu. Kisheria hawawezi kuamka tu wakaiuza nyumba yako: kuna notisi ya miezi mitatu, halafu notisi ya siku 40 ya kutaka kuuza, halafu dalali wa mnada naye anakupa siku 45. Huo ni muda wa kutosha kuuza nyumba mwenyewe kwa bei nzuri, na bei ya mnada huwa ndogo kuliko ya kuuza kwa hiari. Pia deni likishahesabiwa kuwa bovu, riba inayoendelea kuongezwa haiwezi kuzidi deni lililokuwa limebaki siku ile lilipoharibika, kwa hivyo ukiletewa namba iliyozidi hapo mwonyeshe wakili.

Na ukimaliza kulipa kuna gharama moja ya mwisho ambayo haimo kwenye ratiba yoyote: kuondoa rehani. Benki inaandika kwamba deni limekwisha, wakili anapeleka kusajili ofisi ya ardhi, unalipa tena kidogo. Kuna watu wanapewa hati yao benki wanaiweka kabatini wanafurahi, kumbe kwenye rejista jina la benki bado limekaa pale, na watoto wanakuja kuligundua wakati wa kugawana mirathi. Ukishasajili fanya sachi nyingine, uone benki haimo tena.